Geti na Mshumaa: Namna ya Kuipima Shoti Ndefu

Watazamaji wa filamu za Bongo wanalifahamu geti. Gari linafika, linapiga honi, mlinzi anatoka taratibu, anafungua, gari linaingia, linaegeshwa, mwenyewe anashuka, anafunga mlango, anaelekea ndani. Hakuna mkato hata mmoja, na hakuna lililotokea. Sasa mtazamaji wa filamu hizo akiambiwa kwamba Andrei Tarkovsky, Mrusi anayetukuzwa na waongozaji wa dunia nzima, alimfuata kwa kamera mwanamume mwenye mshumaa kwa dakika kama tisa bila kukata, ana haki ya kuuliza tofauti iko wapi. Ipo, tena kubwa, na jicho linaweza kufunzwa kuiona.

Tarkovsky alisomea VGIK, chuo cha filamu cha Moscow kilichoanzishwa mwaka 1919. Hapo Lev Kuleshov na Sergei Eisenstein walikuwa wamefundisha kwamba filamu huzaliwa kwenye meza ya mhariri: uso uleule wa mwigizaji ukifuatwa na bakuli la supu unasomeka njaa, ukifuatwa na jeneza la mtoto unasomeka msiba. Tarkovsky, mwanafunzi wa Mikhail Romm, aligeuza kibao. Kwake malighafi ni wakati wenyewe unaopita ndani ya shoti, na mwongozaji ni mchongaji anayebandua kisichohitajika. Mtazamaji halazimiki kuchagua kambi. Lakini akitaka kuipima kazi ya namna hii, asianze kwa kuuliza shoti ina dakika ngapi. Aulize kuna nini humo ndani kinachopungua au kuongezeka, hata sekunde ya 30 isifanane na ya 10.

Tuurudie mshumaa. Filamu ni Nostalghia ya mwaka 1983, mahali ni Bagno Vignoni, Italia, kwenye bwawa la maji moto lililokaushwa. Gorchakov, anayeigizwa na Oleg Yankovsky, ameahidi kulivuka bwawa hilo na mshumaa unaowaka. Unazimika. Anarudi alikoanzia, anauwasha, anaondoka tena. Unazimika mara ya pili. Kufikia safari ya tatu tumeshalijua bwawa kwa urefu wake, tunajua upepo unakuja bila taarifa, na kila hatua imekuwa na bei. Anaukinga moto kwa mkono, anaukinga kwa koti, na wewe kwenye kiti unajikuta umeibana pumzi. Geti lingefunguliwa kwa sekunde 5 au 50 na hadithi isingehisi. Mshumaa ukikatwa katikati, ahadi yenyewe imevunjwa, maana hatutajua kama kweli aliuvusha.

Urefu peke yake, basi, si kipimo. Zamani ulikuwa na gharama yake: mkanda wa milimita 35 uliopakiwa kwenye kamera ulikwisha baada ya dakika kama 10 au 11, ndiyo maana Alfred Hitchcock katika Rope (1948) alificha baadhi ya viungo vyake kwa kuipeleka kamera mgongoni mwa waigizaji. Leo simu ya mkononi inarekodi mpaka chaji iishe. Alexander Sokurov, naye wa VGIK, alipita katika jumba la makumbusho la Hermitage kwa shoti moja ya karibu saa moja na nusu, akatoa Russian Ark (2002). Ni kazi ya kustaajabisha. Hata hivyo, mimi huitazama nikimhofia mpigapicha kuliko watu waliomo, na kila hofu ya fundi inapoizidi hofu ya mhusika, napunguza maksi.

Kinachopima mkono wa bwana zaidi ni mahali anapokata. Chukua Timbuktu (2014) ya Abderrahmane Sissako, Mmauritania aliyesomea chuo hichohicho. Mfugaji na mvuvi wanakabana majini, bastola inalia. Sissako angeweza kutuletea nyuso, damu, macho yaliyotoka. Badala yake kamera inakwenda mbali kabisa, mto mzima umo ndani ya picha, na watu wawili wamekuwa vijidoa: mmoja anayavuka maji kwa kuyumba, mwingine anajaribu kuinuka. Picha inabaki hapo. Ukikata mapema, umepata mauaji tu. Ukiiacha ikae, unauona umbali kati ya mtu na alichokwisha kufanya ukizidi kupanuka, na kuurudisha haiwezekani tena. Jaribu mwenyewe nyumbani: sema “kata” kwa sauti pale unapodhani pametosha, kisha tazama shoti inakupa nini baada ya hapo. Isipokupa kitu, hukukosea wewe.

Sikio nalo lifanye kazi. Katika Stalker (1979) ya Tarkovsky, wanaume watatu wanaingia eneo lililokatazwa wakiwa juu ya kiberenge, na kwa dakika kadhaa tunaona visogo na nusu nyuso. Mlio wa reli unaanza kama mlio wa reli. Polepole mtunzi wa muziki Eduard Artemyev anauchanganya na sauti za mitambo, mpaka unashtuka kwamba hujui ni lini ulitoka dunia ya kawaida. Kwa hili nina jaribio la kihuni kidogo. Wafikirie wasimuliaji wanaozungumza juu ya filamu kwenye vibanda umiza, kina Lufufu wa Dar es Salaam na DJ Afro wa Nairobi, mafundi wasioacha ukimya upite bure. Penye shoti yenye pengo, maneno yao yanaiokoa. Hapa kwenye kiberenge yangeiharibu.

Yuko pia Chantal Akerman, aliyetumia marudio. Jeanne Dielman (1975) ina dakika 201, nyingi zikiwa za mama wa Brussels akipika, akiosha vyombo, akitandika. Wanaochoka katika siku ya kwanza ya hadithi hawajui kwamba wanafundishwa ratiba. Siku ya pili viazi vinaungua, na kosa hilo dogo la jikoni linashtua kama mlio wa risasi, kwa kuwa mtazamaji sasa anaijua nyumba ile kuliko hata mwanawe anayeishi humo.

Jihadhari na mapambo. Ukungu, maji yanayodondoka na mtu aliyetupa mgongo akitazama upeo wa macho vimekuwa sare ya filamu za matamasha, na anayevivaa si lazima awe Tarkovsky. Yeye aliipanga upya Mirror (1975) zaidi ya mara 20 ndipo ikasimama; upepo unaopita kwenye shamba lake haukuwekwa kujaza nafasi.

Usitazame filamu hizi kwa kasi ya moja na nusu, kwani hapo umekichonga upya kilichochongwa. Anza na Borom Sarret (1963) ya Ousmane Sembène, naye aliyejifunzia Moscow: dakika kama 20 tu za mwendesha mkokoteni wa Dakar, fupi na isiyo na majivuno. Kisha Timbuktu, kisha Stalker. Sátántangó (1994) ya Béla Tarr, yenye saa zaidi ya saba, iwekee siku ambayo huna mgeni wala mgao wa umeme.