Kombe la COSAFA: Mtego wa Kuanzia Robo Fainali

Julai 2, 2017, Uwanja wa Royal Bafokeng, Phokeng, nje kidogo ya Rustenburg. Dakika ya 18 Elias Maguli anaifungia Taifa Stars ya Tanzania, na bao hilo linadumu hadi filimbi ya mwisho. Afrika Kusini, wenyeji wa Kombe la COSAFA, wanatolewa robo fainali na timu iliyoalikwa kutoka Afrika Mashariki. Wahenga walisema mgeni njoo mwenyeji apone. Safari hii mwenyeji hakupona.

Ni rahisi kuuita ushindi ule bahati, au kusema Bafana Bafana, yaani Afrika Kusini, walileta vijana. Hoja ya vijana ina ukweli ndani yake, na tutaifikia. Lakini ubao wa matokeo haukuonyesha jambo moja: Stars walikuwa wanacheza mechi yao ya nne ndani ya siku 8, na wenyeji walikuwa wanacheza ya kwanza. Anayetaka kujua mechi ile ilipatikanaje aanze na ratiba, mbinu zifuate baadaye.

Zawadi ya mechi tatu

Kombe la COSAFA linachezwa na mataifa ya kusini mwa Afrika tangu 1997. Kuanzia 2015 hadi 2018 lilikuwa na timu 14 na mpango wake wa aina yake. Timu 6, zilizochaguliwa kwa kutazama viwango vya FIFA, zilianzia robo fainali moja kwa moja. Zile 8 zilizobaki ziligawanywa katika makundi mawili ya timu nne nne, na kila kundi lilitoa timu moja tu. Ukishika nafasi ya pili, unafunga mabegi.

Kwa hiyo aliyesubiri robo fainali alihitaji mechi 3 kubeba kombe, na aliyetoka makundini alihitaji 6. Tuseme, kwa ajili ya hesabu tu, timu zote zina nguvu sawa. Anayesubiri ana nafasi 1 kati ya 8 ya kuwa bingwa. Aliye kundini lazima kwanza awe mmoja kati ya wanne, ndipo aingie kwenye hiyo moja ya nane; jumla yake ni 1 kati ya 32. Kwenye karatasi, kusubiri ni zawadi yenye thamani mara nne.

Uwanjani mambo yalikwenda vingine. Katika mashindano hayo manne, washindi wa makundi walikutana na timu zilizosubiri mara 8 kwenye robo fainali. Walishinda mara 6. Mwaka 2015 Namibia iliitoa Zambia kwa penalti, na Madagascar ikaifunga Ghana, waalikwa wa mwaka ule, 2-1. Mwaka 2016 Zambia walitolewa tena kwa penalti, safari hii na Swaziland, ambayo leo ni Eswatini. Mwaka 2017 ilikuwa Tanzania dhidi ya Afrika Kusini, na Zimbabwe dhidi ya Swaziland, 2-1. Mwaka 2018, mjini Polokwane, Madagascar iliwaondoa Afrika Kusini kwa penalti. Waliosubiri walivuka mara mbili tu, Afrika Kusini mbele ya Lesotho 2016 na Zimbabwe mbele ya Botswana 2018, na mara zote mbili waliokolewa na mikwaju.

Mechi 8 ni chache, na anayezitendea haki takwimu hawezi kuzijengea sheria. Ila kumbuka kwamba waliotoka makundini ndio waliokuwa chini kwenye viwango. Kama zawadi ingekuwa zawadi kweli, hesabu ingeegemea upande wa pili.

Kutu ya likizo

Sababu ya kwanza iko kwenye kalenda. Kombe hili huchezwa katikati ya mwaka, ligi nyingi za ukanda huo zikiwa zimekwisha. Mchezaji anatoka likizo, anaingia kambini, anafanya mazoezi siku kadhaa, kisha anaambiwa cheza mechi ya mtoano. Mazoezi yanampa pumzi. Kipimo cha mechi hayampi: beki wa kati asogee hatua ngapi ili kiungo mkabaji asibaki peke yake, kipa atoke wakati gani, nani anauwahi mpira wa pili baada ya kichwa. Mambo hayo timu huyarekebisha ikiwa inacheza, tena na mpinzani anayeadhibu kosa. Timu ya makundini ilikuwa na dakika 270 za kurekebisha. Iliyosubiri ilianza kurekebisha siku ambayo kosa moja ni tiketi ya kurudi nyumbani. Na nusu ya kwanza ya kipindi cha kwanza, pale vipimo vinapokuwa vya kubahatisha, ndipo Maguli alipofunga.

Sababu ya pili ni ile hoja ya vijana. Michuano hii iko nje ya kalenda ya FIFA, hivyo klabu hazilazimiki kutoa wachezaji. Wiki tatu tu kabla ya kukutana na Stars, Afrika Kusini ya Stuart Baxter ilikuwa imeifunga Nigeria 2-0 ugenini, mjini Uyo. Kikosi kilichokwenda COSAFA kilikuwa kingine. Viwango vilivyowapa nafasi ya kusubiri vilitafutwa na wakubwa. Walioletwa kuitumia nafasi hiyo ni wadogo zao, ambao ndio hasa walihitaji mechi tatu za makundi ili wazoeane. Zawadi ilimfikia asiyeihitaji.

Kundi lililoamuliwa siku ya kwanza

Sasa tuwatazame Stars wenyewe, chini ya kocha Salum Mayanga. Kundi A lilikuwa na Tanzania, Angola, Malawi na Mauritius. Mechi zote 6 za kundi hilo zilizaa mabao 5. Katika kundi bahili namna hiyo, bao la siku ya kwanza lina uzito kuliko la siku ya mwisho, kwa sababu linabadili namna kila mtu atakavyocheza baada ya hapo.

Shiza Kichuya alifunga mawili dhidi ya Malawi, ikaisha 2-0. Siku hiyohiyo Angola iliifunga Mauritius 1-0. Pointi sawa, tofauti ni bao moja. Walipokutana wao kwa wao, sare ya bila kufungana iliwaacha Stars juu bila kulazimika kufunguka. Mwenye deni alikuwa Angola. Mechi ya mwisho Stars walitoka 1-1 na Mauritius, bao la Simon Msuva, huku Angola wakishindwa kuifunga Malawi. Wote wawili wakamaliza na pointi 5. Stars wakapita kwa tofauti ya mabao 2 dhidi ya 1. Bao la pili la Kichuya, ambalo siku ile lingeweza kuonekana la nyongeza tu, ndilo lililowapa tofauti hiyo.

Na walifika wakiwa wamefungwa bao moja tu katika mechi tatu. Hiyo ndiyo silaha waliyoingia nayo dhidi ya wenyeji: safu ya ulinzi ambayo tayari ilikuwa inajuana, mbele ya kipa Aishi Manula. Timu ya namna hiyo ikipata bao mapema, haina haja ya kuumiliki mpira. Inahitaji kubana nafasi katikati, kumlazimisha mpinzani apitie pembeni, na kuvumilia krosi. Mpinzani ambaye bado anatafuta mapigo yake hana cha kufanya ila kuzidisha krosi hizo.

Bei ya safari ndefu

Siku tatu baadaye, nusu fainali, Stars walikutana na Zambia. Erasto Nyoni alitangulia kufunga, lakini Zambia wakasawazisha na kushinda 4-2. Timu iliyoruhusu bao moja katika mechi nne iliruhusu manne katika moja. Zambia nao walikuwa wamesubiri, ila walishavuka mechi yao ya kutoa kutu kwa kuifunga Botswana. Mtego uko kwenye robo fainali tu. Ukiuruka, unabaki na miguu mibichi mbele ya mtu anayecheza mechi ya tano katika siku 11.

Je, uchovu ndio jibu lote? Zimbabwe ya Sunday Chidzambwa inakataa. Mwaka uleule ilianzia makundini, ikafunga mabao 10 bila kuruhusu hata moja, ikaitoa Swaziland, ikaifunga Lesotho 4-3 na kuilaza Zambia 3-1 fainali. Mechi 6, kombe mkononi. Namibia walikuwa wamefanya hivyohivyo 2015, Deon Hotto akifunga yote mawili kwenye fainali dhidi ya Msumbiji. Tofauti ya Zimbabwe na Stars ni mabao. Stars waliingia nusu fainali wakiwa na mabao 4 katika mechi 4. Ulinzi ndio unaochoka kwanza, na ukichoka, lazima mbele kuwe na watu wa kulipa deni.

Mwaka 2023 waandaaji walibadili mpango: timu 12, makundi matatu, kila mmoja akaanzia makundini, bila wa kusubiri robo fainali. Lesotho ilifika fainali, ikafungwa na Zambia 1-0.

Kwa Tanzania, somo hili la mechi za makundi lina kumbukumbu ya nyumbani. Mwaka 2015 Stars walialikwa kwenye mpango huuhuu na wakapewa mechi tatu zilezile za makundi. Walifungwa na Swaziland 1-0, na Madagascar 2-0, na Lesotho 1-0. Hawakufunga bao. Miaka miwili baadaye walicheza mechi ya mshindi wa tatu na Lesotho, ikaisha bila bao, wakashinda kwa penalti 4-2. Mechi za makundi zinampa kila timu muda wa kujifunza; Phokeng ilikuwa siku ya kuwatazama waliosoma na ambao hawakuwahi kuingia darasani.