Mkono Uliojua Kuacha

Tarehe 2 Oktoba 1950, magazeti saba ya Marekani yalichapisha kibonzo kipya chenye visanduku vinne. Watoto wawili, mvulana na msichana, wamekaa kando ya njia. Mwenzao mwenye kichwa cha mviringo anakuja, anawapita, anakwenda zake. Mvulana anamtaja kwa mapenzi anapokaribia, na akishatoweka anakiri kwamba anamchukia. Basi, kimekwisha. Aliyepita ni Charlie Brown, kibonzo kiliitwa Peanuts, na mchoraji wake, Charles Schulz, alikuwa na umri wa miaka 27.

Wengi husifu Peanuts kwa huzuni yake, wengine kwa busara za watoto wake. Sifa hizo ni za haki, lakini zinaruka hatua moja. Kabla huzuni haijamfikia msomaji, kuna mtu aliyeinama mezani akiamua mstari upi uchorwe na upi usichorwe. Ufundi wa Schulz umo katika uamuzi huo wa pili. Alikuwa bingwa wa kuacha.

Mwanzoni hakuchagua. Kampuni iliyosambaza kazi yake, United Feature Syndicate, ilikiuza kibonzo hiki kama kitu cha kuokoa nafasi. Visanduku vyake vinne vilikuwa sawa kwa ukubwa ili mhariri avipange kwa mlalo, kwa wima, au viwili juu na viwili chini, kulingana na pengo lililobaki ukurasani. Hata jina alipewa. Lilimaanisha karanga, kitu cha kutafuna huku ukiwaza mengine, naye hakulipenda hadi mwisho wa maisha yake. Majirani zake gazetini walikuwa vibonzo vya visa na mapambano, vilivyojaa milima, majumba na vivuli vizito vya wino. Angeweza kushindana nao kwa kujaza kisanduku hadi pomoni. Badala yake alikimwaga. Nyasi zikawa vistari vichache, anga ikawa karatasi tupu, jicho likawa nukta. Weka mabano mawili kandokando ya nukta hizo, na mtoto ana wasiwasi. Pindisha mstari wa mdomo, na moyo wake umevunjika. Katika ukurasa uliosongamana, jicho la msomaji lilikimbilia kwenye ule weupe.

Baba yake, Carl, alikuwa kinyozi mjini Saint Paul, Minnesota, na kinyozi husifiwa kwa kile alichokiondoa. Mwana alijifunza kuchora kwa posta, katika chuo cha Minneapolis ambacho baadaye kilimwajiri kusahihisha kazi za wanafunzi. Katika somo la kuchora watoto alipata C+. Aliyemsahihisha hakujua kwamba mbele yake kulikuwa na mtu atakayechora watoto kwa nusu karne.

Cha kwanza kikubwa alichokiacha ni watu wazima. Wapo, tunajua wapo: mwalimu anauliza swali, mama anaita chakula. Lakini hatuwaoni. Macho ya mchoro hubaki kwenye kimo cha watoto, na mtu mzima asingeenea humo ila miguu. Kwa kuwaondoa wazazi, Schulz aliwatwisha watoto mizigo yote ya ukubwani. Lucy anafungua kibanda cha ushauri wa akili kwa senti tano. Linus, mwenye kunukuu maandiko, hawezi kuachana na blanketi lake. Schroeder anainamia kinanda cha mtoto na kumpiga Beethoven, wala hamtazami Lucy anayempenda. Charlie Brown naye anampenda msichana mwenye nywele nyekundu ambaye uso wake haukuonyeshwa kamwe katika kibonzo hicho. Angeuchora uso huo, angekuwa msichana fulani. Kwa kutouchora, kila msomaji alimweka wake.

Tazama pia alivyomkuza Snoopy. Alipotokea siku mbili baada ya kibonzo kuanza, alikuwa mbwa wa kawaida wa miguu minne. Miaka miwili baadaye tukaanza kusoma mawazo yake, kisha akasimama kwa miguu miwili, na mwaka 1958 akapanda kulala juu ya paa la kibanda chake. Kuanzia hapo kibanda kilichorwa kwa ubavu tu. Ndani yake, tunaambiwa, mna meza ya biliadi na mchoro wa Van Gogh, na hatukupata kuvitia machoni. Mwaka 1965 Snoopy akawa rubani wa Vita vya Kwanza vya Dunia. Mchoraji mwingine angempa ndege. Schulz alimwachia kibanda kilekile, akamvalisha kofia na miwani, akatoboa ubao matundu ya risasi. Ndege tuliiunda sisi wasomaji.

Aliacha hata ushindi. Kila msimu Lucy alishika mpira, akaahidi hatauondoa, Charlie Brown akaja mbio kuupiga, Lucy akauondoa. Timu ya besiboli ya Charlie Brown ilishindwa mwaka baada ya mwaka, na alingoja hadi 1993 kupiga lile pigo kubwa lililoipa timu ushindi. Kumnyima mhusika furaha ni rahisi. Kazi ngumu ni kumrudisha uwanjani kesho bila uchungu na bila msomaji kuchoka, na hilo Schulz alilifanya kwa kubadilisha kitu kimoja kidogo kila mara: ahadi ya Lucy, au sababu ya kumwamini tena.

Mwaka 1968, baada ya Martin Luther King kuuawa, mwalimu mmoja wa Los Angeles alimwandikia akimwomba aingize mtoto mweusi kibonzoni. Schulz aliogopa kuonekana anawahurumia watu weusi kutoka juu. Mwishowe, tarehe 31 Julai, Franklin alitokea ufukweni akimrudishia Charlie Brown mpira uliochukuliwa na maji, wakaanza kujenga pamoja kasri la mchanga. Hakuna hotuba. Baadaye, Franklin alipoketi darasa moja na wenzake, mhariri mmoja wa Kusini alilalamika, lakini Schulz hakurudi nyuma. Hapa, hata hivyo, kuacha kulimponza kidogo. Kwa kuchelea kumkosea heshima, alimnyima Franklin kasoro, na katika kijiji hiki kasoro ndiyo uhai. Lucy ana hasira zake, Linus ana blanketi. Franklin alibaki mwungwana tu.

Wala hakukataa kila kitu. Snoopy aliuza bima na vikombe, na mwaka 1969 jina lake na la Charlie Brown yalipewa vyombo viwili vya Apollo 10 vilivyokwenda kuuzunguka mwezi. Fedha ziliingia kwa wingi, na waliomlaumu kwa biashara hiyo walikuwa na hoja. Lakini kwenye karatasi yenyewe hakumpokea mtu. Hakuwa na msaidizi wa wazo, wa wino wala wa herufi. Alipenda nibu moja ya kampuni ya Esterbrook, na kampuni ilipokoma kuitengeneza alinunua shehena yote iliyosalia. Baada ya upasuaji wa moyo mwaka 1981 mkono wake ulianza kutetemeka. Mistari ya miaka ya mwisho inacheza, mvua inaanguka kwa mawimbi, nyuso zina ukungu. Angeweza kuajiri kijana mwenye mkono thabiti. Aliona heri mstari unaotetemeka ulio wake.

Msomaji aliyefungua gazeti la Taifa Leo akimtafuta Juha Kalulu wa Edward Gitau, au gazeti la Uhuru akimtafuta Chakubanga wa Christian Gregory, anauelewa mkataba huu wa mchoraji na msomaji wake. Mtu hafungui ukurasa ule kwa ajili ya kichekesho peke yake. Anafungua kumkuta mtu yuleyule, kwa mkono uleule, akiwa bado yuko kazini. Haba na haba, Schulz alichora vibonzo 17,897, na likizo yake ndefu ilikuwa wiki tano za mwaka 1997, alipotimiza miaka 75.

Aliugua saratani mwishoni mwa 1999 akatangaza kustaafu. Alifariki usiku wa tarehe 12 Februari 2000, na kesho yake, Jumapili, magazeti yakachapisha kibonzo chake cha kuagia. Familia yake ilishikilia takwa lake kwamba mwingine asikiendeleze, na tangu siku hiyo magazeti yanayochapisha Peanuts hurudia vile vya zamani tu, vilivyochorwa na mkono mmoja.