Mkono, Gitaa na Ngoma ya Kuazima: Uhakiki wa Kazi za Joni Mitchell

Joni Mitchell alizaliwa mwaka 1943 katika mji wa Fort Macleod, jimbo la Alberta, Kanada, na alikulia Saskatoon. Ni mtunzi, mwimbaji, mpigaji wa gitaa na piano, na pia mchoraji wa majalada mengi ya albamu zake. Aghalabu wahakiki huigawa kazi yake katika vipindi vitatu: folki, pop na jazi. Mgawanyo huo hurahisisha upangaji wa historia, lakini humfanya msanii aonekane kama mtu aliyehama nyumba tatu zisizohusiana. Uhakiki huu unajenga hoja kwamba mabadiliko hayo yana chanzo kimoja cha kifani, na kwamba ubora wake hupimwa kwa namna anavyohusiana na wale anaojifunza kwao.

Chanzo hicho ni mkono. Mitchell aliugua polio akiwa na umri wa miaka tisa, na mkono wake wa kushoto ukadhoofika. Kwa kuwa baadhi ya mikao ya vidole kwenye gitaa ilimwia vigumu, alizikaza na kuzilegeza nyuzi kwa namna zake mwenyewe. Matokeo yake yalikuwa koradi zisizotulia upesi, zinazomwacha msikilizaji akingojea hitimisho. Sifa hiyo inasikika tangu albamu yake ya kwanza, *Song to a Seagull* (1968), na inaendelea katika *Blue* (1971), ambamo ala ni chache na sauti imebeba uzito mkubwa. Koradi za aina hiyo zilihitaji wapigaji waliozoea mwafaka changamano. Ndipo akashirikiana na kundi la L.A. Express katika *Court and Spark* (1974), kisha na mpigaji wa besi Jaco Pastorius katika *Hejira* (1976). Jina la albamu hii ya pili limetokana na neno la Kiarabu ambalo Kiswahili kinalo pia, yaani hijra. Nyimbo zake nyingi zinahusu safari ndefu ya gari, na besi ya Pastorius hairudi nyumbani haraka. Kwa hiyo, fani na maudhui vinasafiri pamoja.

Hata hivyo, wepesi wa kuvuka mipaka una gharama zake. Katika *The Hissing of Summer Lawns* (1975), wimbo "The Jungle Line" umejengwa juu ya rekodi ya wapiga ngoma wa Burundi, iliyounganishwa na kinanda cha elektroniki. Kifani, ni jaribio la ujasiri lililotangulia mtindo wa kurudiarudia vipande vya rekodi za wengine. Kimaudhui, wimbo unamrejelea mchoraji Mfaransa Henri Rousseau, na ngoma zinawekwa kuwa ishara ya msitu. Hapo ndipo tatizo linapojitokeza. Katika Kirundi, neno *ingoma* lina maana ya ngoma na pia ya ufalme, na ngoma hizo zilikuwa za ikulu, zenye itifaki na walinzi wake. Sauti ya dola imegeuzwa kuwa sauti ya pori, na wapigaji wametambulishwa kwa jina la jumla tu.

Ulinganisho na *Mingus* (1979) unaidhihirisha kasoro hiyo. Charles Mingus, akiwa mgonjwa, alimpa Mitchell melodia ili azitungie maneno, lakini alifariki Januari 1979 kabla albamu haijatoka. Katika kazi hiyo aliyeazimwa ana jina, historia na kauli. Wauzaji hawakuifurahia sana, lakini ndani yake kuvuka mpaka kumekuwa mazungumzo, ilhali katika "The Jungle Line" upande mmoja tu ndio unaosema.

Inabainika, basi, kwamba wingi wa mitindo pekee hautoshi kuwa kigezo cha ukuu wa Mitchell. Mwaka 2015 alipata maradhi ya mishipa ya ubongo, akalazimika kujifunza upya kupiga gitaa, na mwaka 2022 alilipiga tena jukwaani katika tamasha la Newport. Kazi yake ina nguvu zaidi pale anapoanzia kwenye upungufu wa mkono wake na kutafuta wenzake wa kuujaza. Inapungukiwa pale anapochukua mikono ya wengine bila kuuliza ilikuwa ikipiga kwa ajili ya nani.