Mtu Aliyeanguka Mahali pa Wengine

Wasomaji wengi wameona sinema ya Ben-Hur, iliyotoka mwaka 1959, na karibu wote hukumbuka mashindano ya magari ya farasi. Lakini ni wangapi wanaojua jina la mtu aliyeyatayarisha? Aliitwa Yakima Canutt. Yafaa tuipime kazi yake, maana ndani yake mna swali linalotuhusu sisi Wakristo: je, ni halali mtu kuuhatarisha mwili aliopewa na Mungu, kusudi wengine wafurahi?

Canutt alizaliwa mwaka 1895 katika jimbo la Washington, Marekani. Kwanza alikuwa bingwa wa kupanda farasi wakali. Huko Pendleton alishinda mara nne kati ya 1917 na 1923. Siku za sinema zisizo na sauti alipata kuwa mchezaji wa kwanza. Sinema zilipoanza kusema, sauti yake, iliyoharibiwa na ugonjwa, ilimzuia. Basi akakubali nafasi ya chini: kucheza mwizi au adui, na kuanguka mahali pa wachezaji wakubwa kama John Wayne.

Tazameni Stagecoach ya John Ford (1939). Mpiganaji wa Kiapache anamrukia farasi wa mbele wa gari lililo mbioni. Anapigwa risasi, anaanguka katikati ya farasi, anakokotwa, kiisha anaachilia. Farasi sita na gari vinapita juu yake. Huyo ni Canutt. Halafu shujaa anaruka juu ya farasi wale wale ili azishike hatamu. Huyo pia ni Canutt, mahali pa Wayne. Adui na mwokozi ni mwili mmoja!

Nausifu ufundi huo, lakini sisifu yote. Waapache wanaolishambulia gari hawapewi neno la kusema; kazi yao ni kufa tu. Tena siku zile farasi walifungwa waya miguuni ili waanguke kwa ghafula, na wengi waliumia. Canutt naye aliitumia njia hiyo. Mtu aliichagua hatari, mnyama hakuichagua.

Sisi wa Kongo twazijua nguvu za sinema hizo. Katika miaka ya 1950 vijana wa Léopoldville, ndiyo Kinshasa ya leo, walijiita Bills kwa kumfuata Buffalo Bill, wakaiga mavazi, mwendo na ugomvi wa wapanda farasi wa sinema. Waliona mtu akianguka na kuinuka. Matayarisho hawakuyaona, kwa sababu sinema huyaficha kwa makusudi.

Na katika matayarisho ndimo ulimo ukubwa wa Canutt. Alitengeneza kikuku kilicho wazi upande mmoja, ili mguu wa mpandaji usinaswe aangukapo. Kwa Ben-Hur, huko Roma, aliwafundisha waendeshaji na farasi kwa muda mrefu. Mwanawe mwenyewe, Joe, aliendesha mahali pa Charlton Heston. Gari lake liliporuka juu ya mabaki, alirushwa mbele, akashikilia, akapanda tena. Alipata jeraha la kidevu tu. Uvumi ulienea kwamba mtu alikufa katika mashindano yale. Si kweli: hakufa hata mmoja. Mwaka 1967 Canutt alipewa tuzo ya heshima ya Oscar, kwa kazi yake na kwa vyombo alivyobuni vya kuwalinda wenzake. Alifariki mwaka 1986.

Basi tujibu. Shetani alimshawishi Bwana Yesu ajitupe toka juu ya hekalu. Yesu akakataa kumjaribu Mungu. Anayejirusha bila kupima, akingoja muujiza au makofi, anaanguka katika kishawishi kile. Lakini anayepima, anayejifunza na kumlinda mwenziwe, huyo anafanya kazi, sawa na mwashi aliye juu ya ukuta. Dhambi huanza pale bwana wa kazi anapotaka picha nzuri kwa bei ndogo, na mwili wa maskini ndio unaolipa.

Papa Pius XII, katika waraka Miranda Prorsus wa mwaka 1957, alitaka watazamaji wafundishwe kuzipima sinema. Ninyi mnaowaonyesha vijana sinema parokiani, msiseme habari za shujaa peke yake. Waelezeni pia habari za mtu aliyeanguka mahali pake, na jinsi alivyojitayarisha kabla ya kuanguka.