Al-Buni na Kitabu Asichokiandika

Ahmad bin Ali al-Buni, mzaliwa wa Buna katika nchi iitwayo leo Aljeria, amehukumiwa kwa muda mrefu kwa kitabu kimoja: Shams al-Maarif al-Kubra. Waganga wa kitabu wamekitukuza, wanazuoni wamekilaani, nao wahakiki wamekipita wakikiona rundo la hirizi tu. Pande zote tatu zimekubaliana katika jambo lisilo na msingi, yaani kwamba kitabu hicho ni chake.

Utafiti wa miswada aliouchapisha Noah Gardiner mwaka 2012 umeonyesha vingine. Matini hiyo ndefu, iliyoenezwa na mitambo ya chapa, haina nakala zijulikanazo za kabla ya karne ya 17, na silsila za masheikh zilizomo zinataja watu waliokuja baada ya al-Buni kufariki. Kumbukumbu za usomeshaji zilizobaki katika nakala kongwe zinamwonyesha mwaka 1225, kwenye makaburi ya Qarafa nje ya Cairo, vitabu vyake vingine vikisomwa mbele yake na kikundi cha wanafunzi.

Katika vitabu hivyo, hususan Lataif al-Isharat, herufi si zana kwanza. Ni daraja za kuumbwa kwa ulimwengu, tangu Arshi hadi ardhi, na mtafutaji huzielekea kwa dhikri, saumu na upweke.

Hata hivyo haifai kumsafisha kupita kiasi. Majedwali yamo humo pia, wala hayakuingizwa na mkono wa mwizi. Al-Ghazali mwenyewe, aliyefariki mwaka 1111 na ambaye hakuna athubutuye kumwita mganga, alitaja katika al-Munqidh jedwali la nyumba tisa la kumsaidia mwanamke mwenye uchungu wa uzazi. Kila mstari wake una jumla ya 15. Na namba za pembe zake nne, 2, 4, 6 na 8, zikisomwa kwa abjadi hutoa neno Buduh. Hapo hesabu, jina na dua ni kitu kimoja. Ibn Khaldun aliliona hilo vyema zaidi kuliko wahakiki wengi wa leo: alipoishambulia elimu ya herufi katika Mukadima, alimtaja al-Buni pamoja na Ibn Arabi, si pamoja na wapiga ramli.

Mhakiki wa miswada ya Lamu au Siyu autoaye utenzi sandukuni na kuupeleka kwenye fasihi, kisha akaliacha jedwali lililoandikwa kwa wino uleule liwe shughuli ya wachunguzi wa uganga, anaigawa elimu ambayo mwandishi wake hakuigawa.