Mdomo wa Filamu Bubu

Siku ya mnada hapa Kibakwe, watu wakishauza vitunguu huingia kibanda umiza kutazama filamu za ngumi. Jioni moja mtafsiri wetu, anayetusimulia filamu kwa maiki, akatuwekea kitu kingine: The Great Train Robbery ya Edwin S. Porter, ya Marekani, mwaka 1903. Dakika kama 12 tu, na haina sauti. Kijana mmoja akaguna: "Kaka, spika imekufa?"

Mtafsiri hakumjibu. Majambazi walikuwa wanamfunga kamba karani wa simu stesheni, naye akangoja hadi fundo la mwisho likazwe. Ndipo akasogeza maiki, akanong'ona kwamba treni inatoka Gulwe na huko Godegode hakuna atakayepewa habari. Basi, tukawa kwenye Reli ya Kati, na kila mmoja wetu ana ndugu ndani ya behewa.

Kuna wanaoidharau kazi hii, eti ni kuharibu filamu za watu. Hao hawajui kwamba Japani enzi za filamu bubu msimulizi, benshi, aliweza kuwa na jina kubwa kuliko waigizaji. Wala hawakuwahi kukaa mbele ya mkanda uliotafsiriwa na Lufufu wa Dar es Salaam. Kujua lugha ni sehemu ndogo ya ufundi wenyewe. Kubwa ni kujua ukae kimya mpaka lini.

Abiria wakateremshwa, wakapangwa mstari, mikono juu. Mzee mmoja akauliza kama hao ndio watoza hongo. Si swali la kuchekwa: karne ya 19, misafara iliyokatiza Ugogo ililipa hongo kwa watemi ndipo ipate njia na maji. Wakati huohuo abiria mmoja akachomoka mstarini kukimbia, akapigwa risasi ya mgongo. "Hongo unalipa unapita, babu," mtafsiri akasema. "Hawa unalipa, na bado hupiti."

Filamu hii ina kipande kinachosimama peke yake: mkuu wa majambazi anawalenga watazamaji kwa bastola na kufyatua. Waonyeshaji waliachiwa wenyewe wakiweke mwanzoni au mwishoni. Wetu alikuwa amekiweka mwishoni. Uso ule wenye masharubu ulipojaa kwenye skrini, akazima maiki. Ikabaki jenereta inanguruma nyuma ya mabati. Moshi ukafuka, na yule kijana wa spika akainama chini ya benchi.