Chokaa Haiamrishwi

Nyumba ya muungwana wa pwani haikujengwa ili impendeze mpita njia. Kwa nje ilikuwa ukuta mtupu wenye vidirisha vichache vya juu. Mgeni asiyejulikana aliishia kwenye daka, yaani ukumbi mdogo wa mlangoni wenye mabaraza ya mawe kila upande. Hapo alipokewa, akapewa kahawa, akazungumza, akaaga. Kazi iliyomgharimu mwenye nyumba kuliko zote ilikuwa katika chumba cha mwisho kabisa, na wengi wa wapitao hawakuiona maisha yao yote.

Sisi wa Mkomani, upande huu wa bara, Mji wa Kale wa Mombasa tunautazama ng'ambo ya maji kila siku. Nyumba nyingi tunazoziona huko ni za karne ya 19 na mwanzo wa karne ya 20, zenye roshani za mbao na mkono wa mafundi waliotoka Bara Hindi. Ukubwa wa zamani zaidi umebakiza alama zake katika Ngome ya Yesu, mahali ukoo wa Wamazrui ulipokuwa na baraza lao la kupokea watu. Hao ndio walioushika mji tangu miaka ya 1730 hadi 1837, wakisikilizana na kugombana na wakuu wa Tisa Taifa na Thelatha Taifa, miungano ya Waswahili wa mji huo. Lakini anayetaka kuiona kazi ya lipu ya waungwana ikiwa bado imesimama ukutani, na asafiri hadi Lamu. Huko nako kuna mtaa uitwao Mkomani, na ndani yake zimo nyumba za mawe za karne ya 18.

Lamu ya wakati huo haikuwa na sultani kama jirani yake Pate. Mambo ya mji yaliamuliwa na wazee wa koo kubwa katika baraza la Yumbe. Mahali ambapo hakuna kiti cha enzi, ukubwa hujionyesha kwa njia nyingine: kwa nasaba, kwa elimu ya dini, kwa majahazi, na zaidi ya yote kwa nyumba. Kwa desturi ya mji, kujenga kwa mawe kulikuwa haki ya waungwana. Wengine walijenga kwa udongo na makuti. Binti akiolewa, babake alimpa nyumba au alimjengea orofa juu ya nyumba yake mwenyewe, na mume ndiye aliyehamia. Koo zilizokaa pande mbili za njia ziliunganisha nyumba zao kwa wikio, chumba kinachopita juu ya vichwa vya watu. Kwa hiyo mtu aliyetembea vichochoroni alikuwa akipita kati ya majina ya watu, hata kama hakuna jina lililoandikwa popote.

Tuingie ndani. Ukitoka daka unakata kona, kwa kuwa mlango haukuwekwa uelekee moja kwa moja ndani, kisha unatokea kiwandani, uani palipo wazi kwa jua. Kuanzia hapo vyumba vimepangwa kimoja nyuma ya kingine: msana wa tini, msana wa yuu, kama wasemavyo wenyewe Lamu, halafu ndani. Kila unapovuka, sakafu imeinuka kidogo na mwanga umepungua. Vyumba ni virefu na vyembamba, na sababu yake ni mkoko. Dari inabebwa na boriti, na boriti nzuri ya kuaminika haivuki mita 3. Mwenye mali angeweza kununua korija baada ya korija ya boriti na kurefusha chumba atakavyo. Kukipanua hakuweza. Umbo la nyumba ya mkubwa liliamuliwa na mti unaoota kwenye matope ya bahari.

Ukifika ndani, macho yakishazoea giza, ndipo unapoziona zidaka. Ukuta mzima, toka karibu na sakafu hadi karibu na dari, umegawanywa kuwa vishubaka safu juu ya safu, kila kimoja na tao lake dogo, na mzunguko wake umechongwa nakshi. Humo viliwekwa vyungu na sahani za Kichina, vitabu, na vitu vya fahari vya bibi wa nyumba. Lakini hata vikiwa vitupu vinatosha. Mwanga hafifu utokao kiwandani unagusa ukingo wa kila tao na kuacha kina chake kivulini, hivyo ukuta mweupe usio na rangi yoyote unaonekana kuwa na vivuli vya kila namna. Aliyeubuni alijua saa za jua la kiwanda kile, akachonga kwa kulifuata.

Nilipata kumtazama fundi mmoja mzee akikarabati kidaka kilichobomoka. Vibao vyembamba vya matumbawe vilikwisha kusimamishwa, na lipu ya chokaa ilikuwa imepakwa nene. Akawa hafanyi lolote. Alikaa, akaigusa lipu kwa ncha ya kidole, akakaa tena. Nikamuuliza, "Ami, twangoja nini?" Akasema, "Twangoja yenyewe. Chokaa haiamrishwi, mwanangu." Ikiwa mbichi mno, nakshi inaporomoka, ikikauka mno, inameguka vipande. Kati ya hapo na hapo kuna muda mfupi ambapo inakubali kisu kama jibini. Ulipofika, mzee hakuchelewa hata kidogo. Alikwisha kuchora mistari yake kwa bikari na uzi, na sasa kisu kilikuwa kikiingia kwa mshazari mara mbili, kushoto na kulia, na kipande chenye pembe tatu kikidondoka. Tena, na tena, bila kurudia mkato. Nilitazama ukingo wa tao: kila jino lilikuwa sawa na mwenzake, ila si sawa kabisa, na ile tofauti ndogo ndiyo iliyoufanya ukuta uonekane una uhai.

Subira hiyo huanza mbali na ukuta. Matumbawe ya nchi kavu huvunjwa na kupangwa juu ya magogo, yakachomwa mpaka yawe meupe pepe, kwenye moto wa nyuzi zipatazo 900. Moto huo huondoa hewa ya ukaa iliyofungwa ndani ya jiwe. Kinachobaki kikimwagiwa maji huchemka chenyewe, kisha huachwa kitulie kwa wiki au miezi kadhaa mpaka kilainike kabisa. Kikipakwa ukutani huanza kuirudisha hewa ile ile kidogokidogo, na miaka inavyopita kinarudi kuwa jiwe. Sehemu za kuchongwa sana, kama vizingiti na mihrabu, zilitengenezwa kwa matumbawe laini yaliyokatwa baharini. Yakiwa mabichi huchongeka kwa urahisi, yakipigwa na jua huwa magumu. Hata dari ilikuwa na saa zake: sakafu ya chokaa na kokoto iliyowekwa juu ya boriti ilipigwa kwa magongo siku nyingi, kwa nyimbo, hadi ishikane.

Wakubwa wa nchi nyingine nao walimtegemea fundi wa chokaa. Katika mji wa Conwy, huko Wales, Robert Wynn alijenga jumba la Plas Mawr kati ya 1576 na 1585, miaka michache kabla Wareno hawajaanza Ngome ya Yesu hapa Mombasa mnamo 1593. Wales ilikuwa imekwisha kuunganishwa na Uingereza kwa sheria za 1536 na 1543, na wenye ardhi kama Wynn walishindana kujionyesha kuwa ni watu wa ukoo. Kuta na dari za jumba lake zilifinyangwa kwa lipu, zikapakwa rangi na kujazwa nembo za nasaba na herufi za jina lake, R na W. Mgeni alipoinua macho alisoma yuko kwa nani. Kazi ile nayo ni ya kuheshimiwa. Lakini muungwana wa Lamu alichagua njia ngumu zaidi. Hakuandika jina wala hakuchora nembo. Aliuacha ukuta useme kwa mpango wake tu, na akauweka mbali na macho ya watu. Mtu asiye na shaka na cheo chake hana haja ya kukitangaza barazani.

Hata hivyo, sifa hiyo isituzibe macho. Waliozamia matumbawe, waliopasua kuni, waliobeba maji na kupiga sakafu, wengi wao walikuwa watumwa. Nyumba zilikumbukwa kwa koo za wenyewe. Mikono iliyozijenga haikuandikwa popote. Pate, iliyokuwa na majumba yaliyosifiwa pwani nzima, ilianguka, na Sayyid Abdalla bin Ali bin Nasir akayatumia magofu yake kuwaonya watu katika utenzi wake wa Al-Inkishafi. Ukubwa wa wenye nyumba ulipita. Kilichobaki cha kuutetea wakati ule ni ustadi wa wale ambao hawakuhesabiwa kuwa wakubwa. Mwenye mali angeweza kuagiza sahani kutoka China na mbao kutoka mbali. Mwendo wa chokaa hakuweza kuununua, ilimbidi amngoje fundi, na fundi aingoje lipu.

Leo kazi hii inauawa na haraka, na silaha yake ni saruji. Ukuta wa matumbawe unanyonya unyevu wa bahari na kuutoa, nayo lipu ya chokaa inauruhusu upumue. Saruji inauziba. Maji na chumvi vinakwama ndani, jiwe linakuwa unga, boriti zinaoza vichwani, na baada ya misimu michache lipu ile ngumu inabanduka na kuondoka na uso wa ukuta. Mwenye nyumba husema nyumba imezeeka, kumbe imezibwa pumzi.

Basi wewe uliyerithi nyumba ya mawe, iwe Lamu, Mji wa Kale au popote pwani hii, usiupake saruji ukuta wa babu zako. Wapo bado mafundi wa chokaa. Waulizie kwa watu wa Makumbusho, uwaite, uwalipe kwa siku zao zote, hata zile utakazowaona wamekaa tu. Na ukiwa na kijana mwenye mkono mwepesi, mpeleke akafunzwe wakati wazee hawa wangali hai.